Maji ya Kuuamsha Mtungi

Asubuhi ile maji ya mto yalipoingia mtamboni yakiwa na rangi ya chai ya maziwa, nilijua kwamba kabla ya mchana watu wawili ninaowapenda watavunjiana heshima mbele ya macho yangu. Mvua ilikuwa imenyesha huko juu na tope lilikuwa limefika. Tope likija, dawa lazima iongezwe. Dawa ikiongezwa, mtungi wa klorini unaganda. Mtungi ukiganda, Mjomba anabandika birika. Na jana yake, tukiwa mezani kwangu, Dada alikuwa amemwambia Mjomba bila kumung'unya maneno kwamba birika hilo likibandikwa tena, yeye atakwenda kwa Meneja.

"Nenda," Mjomba alimjibu. "Ukifika, mwambie pia ni nani alikuwa akikufunga kamba za viatu."

"Nikienda utamwaga unga, Mjomba, najua. Nisipoenda, nitakuzika. Unataka nifanye lipi?"

Wanangu waliacha kutafuna. Mke wangu akaanza kukusanya sahani ambazo bado zilikuwa na chakula. Mimi, mwanamume mzima mwenye ndevu, nilijifanya natafuta kijiko chini ya meza.

Niseme kwanza sisi ni nani. Mimi ni fundi pampu katika mtambo wa kusafisha maji ya mji. Dada ni mkubwa wangu, tumbo moja, na kazi yake ni kuhudumia klorini, ile dawa inayoua vijidudu ili watu wasinywe kipindupindu. Mjomba ni kaka wa marehemu mama yetu na ndiye msimamizi wa zamu yetu. Alituchukua tukiwa wadogo, mimi nikiwa sijajua hata kujipangusa pua, akatulea peke yake baada ya mkewe naye kufariki, akatusomesha, na tulipokua akatuingiza mtamboni mmoja baada ya mwingine. Alikuwa amebakiza miezi michache tu astaafu. Ukimtajia kustaafu alikuwa anakutazama kana kwamba umemtukania mzazi.

Kazini walimwita Mzee Birika. Si kwa ubahili, maana huyu mtu angekuvulia shati lake ukilisifu. Walimwita hivyo kwa sababu ya mitungi.

Klorini huletwa ikiwa imeshindiliwa kwenye mtungi wa chuma mpaka imekuwa kimiminika, kama ile gesi ya kupikia unayoisikia ikichezacheza ndani ukiutikisa mtungi. Juu inatoka hewa, chini kimebaki kimiminika. Ukiivuta polepole hakuna tatizo. Ukiivuta kwa haraka, kama siku za tope, mtungi unakuwa baridi, halafu baridi sana, halafu unaota barafu nyeupe kuanzia kitako kupanda juu. Hapo gesi inakuwa dhaifu. Pale ukutani kuna bomba la kioo lenye kijipira ndani, kijipira kinaelea kulingana na gesi inayopita, na mtungi ukiganda unakiona kijipira kinashuka huku wewe umeshika kiuno. Maana yake maji yanakwenda mjini na dawa pungufu.

Njia halali ni kuunganisha mitungi miwili ili kila mmoja utoe kidogokidogo. Kipande cha bomba cha kuunganishia kilipasuka zamani, na kila tukiuliza tuliambiwa kimeagizwa. Ukitaka kujua kitu ambacho hakifi, ni hilo neno "kimeagizwa".

Kwa hiyo Mjomba alibuni njia yake. Alichemsha maji kwenye birika, akayamimina ndooni, akachanganya na ya baridi, akazamisha mkono. Mkono ukisema basi, alichota kwa kopo na kuumwagia mtungi kuanzia begani, taratibu, huku anausemesha: "Amka, amka baba, watu wana kiu." Barafu ilianguka vipandevipande, kijipira kikapanda, na kila mtu akarudi kwenye kazi yake. Hii tuliita kuuamsha mtungi. Kila aliyeajiriwa alifundishwa hivyo, na kipimo kilikuwa kimoja, mkono wa Mjomba.

Dada naye alifundishwa hivyo na akafanya hivyo kwa muda mrefu bila neno. Yeye si mtu wa maneno. Aliolewa, akarudi na masanduku yake, hakueleza na sisi hatukuuliza. Akaingia mtamboni akiwa amenuna, na kilichomtoa kwenye ule ununaji, amini usiamini, ni ukurasa wa mwisho wa kitabu cha mafunzo.

Kitabu kile tulipewa sote. Kila sura inamalizika na sehemu fupi iliyoandikwa "Kwa kusoma zaidi", halafu majina ya vitabu. Sisi wengine tukifika hapo tunafunga kitabu na kwenda zetu. Dada aliniuliza siku moja, "Hapa wameandika kwamba gesi ikivutwa upesi mtungi hupoa. Kwa nini upoe?" Nikamwambia ndivyo ulivyo. Akasema, "Hilo si jibu." Ndipo akaanza kuvisaka hivyo vitabu vya zaidi, kimoja kwa muuza vitabu vya mitumba pale stendi, kingine kwa mtunza maktaba wa chuo ambaye alimkopesha baada ya kumsumbua mpaka akachoka. Kimoja kilikuwa cha themodinamiki, yaani elimu ya joto na kazi yake. Kingine kilikuwa cha kemia isokaboni, elimu ya chumvi, metali, asidi na jamaa zao. Vyote vinene, vyote vya Kiingereza, na Kiingereza cha Dada na changu tulikiacha shuleni.

Alisoma na kamusi pembeni, mezani kwangu, wakati wengine tunapiga soga. Ukurasa mmoja ulimla wiki. Watu wa mtamboni wakambandika jina, Zaidi. "Zaidi kaja?" "Zaidi yuko kwenye mitungi." Mjomba alikuwa na utani wake mwenyewe. Kile kitabu cha joto alikiita Bwana Themo, na kila jioni alimuuliza, "Vipi, huyu Bwana Themo analeta posa lini? Maana kila siku yuko hapa na hajawahi kuleta hata sukari."

Dada alicheka kama sisi. Lakini alikuwa anaelewa. Jioni moja alinipaka spiriti kwenye mkono na pamba, akanipulizia. Nikasikia ubaridi.

"Unajua ubaridi umetoka wapi?"

"Kwenye spiriti."

"Spiriti ilikuwa na joto lile lile la chumba. Ikitaka kuwa hewa lazima ipate joto mahali, kwa hiyo imelichukua kwako. Mtungi nao ni hivyo hivyo. Haulali, mdogo wangu. Unanyang'anywa joto. Sisi tunauvuta kuliko unavyoweza kulipata, na ule ubaridi ndio breki yake."

Nilikubali kwamba ni kitu kizuri kukijua, nikarudi kwenye chakula changu. Yeye hakuishia hapo. Kwenye shingo ya vali ya kila mtungi kuna kizibo kidogo cha metali laini. Sote tulikijua, hakuna aliyewahi kujiuliza kinafanya nini. Dada alisoma kwamba kimewekwa makusudi kiyeyuke kabla ya chuma kupasuka, mtungi ukikutwa na moto. Na hakihitaji moto mkali. Maji ambayo bado hayajafika kuchemka yanatosha. Kikiyeyuka, tundu lake halizibiki kwa mkono wala kwa dua, gesi yote inatoka, na aliye karibu anabanwa mapafu hapo hapo. Kile cha kemia nacho kilimwambia kwamba klorini kidogo ikikutana na maji inazaa asidi, na asidi inakula vali. Akatuonyesha ule utandu wa kijani kwenye nati za vali za mitungi yetu. Tulikuwa tukiupangusa miaka yote kama vumbi.

Alimwendea Mjomba na yote hayo, kwa adabu. Mjomba alimsikiliza mpaka mwisho, na jibu lake lilikuwa zuri.

"Zaidi, mimi simwagi maji ya moto. Namwaga uvuguvugu. Maji ambayo mkono wangu unayavumilia, hicho kizibo chako kitayavumilia pia. Au Bwana Themo anasemaje?"

Dada alifikiri, akasema Bwana Themo hana pingamizi kwa upande wa kizibo. Asidi ni jambo jingine, lakini kwa kizibo, mkono unatosha. Wakaachana kwa amani. Hilo ndilo ninalotaka mlielewe, kwamba ubishi ungeishia pale kama si sufuria.

Siku hiyo Mjomba alikuwa kwangu, na mke wangu alikuwa anatafuta kitambaa cha kuepulia wali. Mjomba akasema, "Kitambaa cha nini?" Akalishika sufuria kwa mikono mitupu, akaliepua jikoni, akaja nalo mpaka mezani bila hata kukaza mwendo. Wanangu wakapiga makofi. "Babu ana mikono ya chuma!" Nami nilijisikia fahari, maana mikono hiyo ndiyo iliyonilea. Toka hapo ukawa mchezo wetu wa nyumbani. Mkaa umedondoka? Mwite Babu. Kikombe kina moto? Mpe Babu. Yeye mwenyewe alivimba kichwa.

Dada hakupiga makofi. Aliniambia baadaye kwamba alimkuta Mjomba uani anatazama kiganja chake. Kilikuwa kimebabuka, malengelenge yamepasuka, na alikuwa anakitazama kama mtu aliyekuta doa kwenye shati na hajui limeingiaje. Alipomwona, akakunja ngumi. Dada akaanza kumwangalia kwa jicho la pembeni. Akaona anavyohangaika na vifungo vya shati. Akaona glasi zinavyomponyoka.

"Mjomba hasikii moto," aliniambia. "Mikono imekufa ganzi. Unajua maana yake? Kipimo chetu kimekufa."

Nilimjia juu. Nilimwambia vitabu vimempanda kichwani, kwamba ameanza kumwona mzee wa watu mgonjwa kwa sababu ya ukurasa sijui wa ngapi. Mtu mwenye kazi ngumu anakomaa mikono, basi. Kusema kweli nilikasirika kwa sababu niliogopa. Mtu akikulea, hutaki kusikia kwamba kuna kitu chake kimekufa kabla yake.

Alijaribu njia ya upole. Alileta kipimajoto, akakifunga kwa kamba kwenye ile ndoo. Mjomba alikifungua, akakitundika msumarini. "Hiki ni cha watoto wenye homa." Alimwomba waende wote hospitali, Mjomba akasema ana zamu. Alimuuliza ana kwa ana kama vidole vyake vinasikia, na hapo Mjomba, ambaye sijawahi kumsikia akimpandishia Dada sauti, alimfokea mpaka mlinzi wa getini akatoka kibandani. Ndipo tukafika pale mezani, na kijiko changu cha uongo chini ya meza.

Sasa turudi kwenye ile asubuhi ya tope.

Nilikuwa kwenye pampu. Mlango wa chumba cha pampu unatazamana na mlango wa chumba cha mitungi, katikati kuna ujia mwembamba, kwa hiyo niliona kila kitu. Dada aliongeza dawa kidogokidogo, huku anakwenda na kurudi kati ya kile kijipira na mtungi. Kitako cha mtungi kilikuwa kimeshaanza kuwa cheupe.

"Mjomba," alisema, "tupunguze maji yanayokwenda mjini. Yakipungua maji, itatosha dawa kidogo. Mtungi utapumua."

"Na simu zikianza kulia utazipokea wewe?"

"Nitazipokea."

"Tangi la juu liko nusu. Hatupunguzi." Akaingia kwenye kijistoo cha mwisho wa ujia. Nikasikia jiko la umeme likiwashwa.

Dada akanitazama. Nilijua anataka nini. Nilikuwa na swichi ya pampu mkononi, ningeweza kupunguza maji mwenyewe. Lakini bila amri ya msimamizi? Na msimamizi ni Mjomba? Nikainamisha macho kwenye geji zangu. Akavua glavu, akatoka kwa haraka kuelekea ofisini. Alikuwa ametimiza neno lake.

Hakukawia. Alirudi mikono mitupu. Meneja alikuwa amekwenda mtoni kwenye chanzo kuangalia tope, na simu yake huko haishiki. Hakukuwa na mtu mwingine wa kumwambia Mjomba hapana.

Barafu ilikuwa imefika tumboni mwa mtungi. Kijipira kilikuwa kinashuka. Dada alichukua kitambaa, akakichovya kwenye chupa ya amonia, akakipitisha polepole kuzunguka shingo ya vali. Hiyo ndiyo njia yetu ya kutafuta uvujaji, kwa sababu amonia ikikutana na klorini hutoa moshi mweupe. Na moshi ukatoka. Uzi mwembamba tu, mwembamba kuliko wa sigara, lakini ulitoka pale pale penye utandu wa kijani.

"Fundi!" Kazini haniiti mdogo wangu. "Njoo uone."

Nikaona.

"Mtungi huu hauguswi na maji," alisema. "Hata ya uvuguvugu. Tuufunge, tufungue mwingine, na tupunguze maji mpaka Meneja arudi."

"Pisha," sauti ya Mjomba ikasema nyuma yetu.

Alikuwa amesimama na birika, linatoa mvuke. Dada akamwonyesha ule uzi wa moshi. Mjomba akakaza macho, akasema ule ni uvujaji wa kawaida, ataukaza baada ya kuuamsha mtungi, ameshaona mibaya zaidi ya huo. Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa. Hilo ndilo lililoniogopesha.

"Fundi, lete ndoo."

Niilete ndoo? Niliileta. Mtu aliyenifundisha kushika spana alikuwa ameniagiza ndoo, na miguu yangu ilikwenda kabla sijaamua. Nikaiweka mlangoni mwa chumba cha mitungi. Mjomba akamimina birika lote, akaongeza maji ya baridi kutoka kwenye kopo, akazamisha mkono, akayakoroga huku na huku kama anavyofanya siku zote.

"Uvuguvugu," akasema.

Niliuona mvuke. Niliuona kwa macho yangu haya ukipanda kando ya mkono wake, nikajiambia ni kwa sababu chumba kina baridi.

"Weka kipimajoto, Mjomba," Dada alisema. "Mara moja tu. Kikikubali, nakaa kimya maisha yangu yote."

"Toka njiani."

"Kipo hapo ukutani. Nyoosha mkono tu."

"Nimesema toka njiani! Mimi nilipima maji haya kabla hujajua kwamba kuna kitu kinaitwa klorini. Leo unataka nijipime homa?" Akachota kopo la kwanza. Maji yalimwagikia vidoleni, hakutikisika. Mtungi ulikuwa hatua chache mbele yake, umefungwa kwa mnyororo katika mstari na wenzake, feni ikinguruma juu, na ile harufu kali inayochoma pua ilikuwa imeshaanza kusikika.

Niliona Dada anataka kumshika. Niliona pia anaghairi, na nilimwelewa. Kung'ang'aniana mle ndani, na kopo la maji ya moto, kando ya vali inayovuja, ni kukaribisha balaa lile lile tunalolikimbia. Akasema tu, kwa sauti ndogo, "Basi nipime mimi."

"Pima uridhike," Mjomba alisema bila kumtazama. Macho yake yalikuwa kwenye kijipira.

Dada akapiga magoti mbele ya ndoo. Aliniambia baadaye kwamba alikuwa amekusudia ncha ya kidole tu, lakini alipoinua uso akaona Mjomba ameshampa mgongo, na akajua kidole hakitatosha. Angepiga ukelele, angeambiwa anaigiza. Akazamisha mkono mzima, mpaka juu ya kifundo, na hakuutoa.

Sijawahi kusikia sauti kama ile ikitoka kwa mtu wangu. Haikuwa ukelele mwanzoni. Ilikuwa kama mtu anayenyanyua kitu kizito kupita nguvu zake, meno yameumana, halafu ndipo ikapasuka. Nilimrukia. Alinisukuma kwa ule mkono mwingine.

"Tazama!" alikuwa anamwambia Mjomba. "Nitazame!"

"Acha maigizo, Zai..." Mjomba aligeuka. Hakulimaliza jina.

Akaona mkono wa Dada ndani ya maji, mwekundu. Akaona uso wake. Kopo likashuka taratibu mpaka likagusa sakafu. Nilidhani atamtoa, na kweli aliinama kumtoa, lakini kwa kuinama huko mkono wake mwenyewe uliingia ndooni kando ya wa Dada, na akabaki hivyo hivyo, ameduwaa, anaitazama mikono miwili ndani ya maji yale yale. Mmoja ulikuwa unatetemeka wote. Mwingine ulikuwa umetulia kama umewekwa kwenye maji ya mtungi wa udongo.

Nilipiga teke ndoo. Maji yakamwagika ujiani, mbali na mitungi, na nikamvuta Dada nyuma.

Mjomba aliinuka. Alikwenda kwenye mtungi akaufunga, akiuzungusha ule ufunguo wa vali huku ameukazia macho, na hapo nikaelewa kwamba miezi yote hiyo alikuwa akifanya kazi kwa macho. Akachukua kile kitambaa cha amonia akakipitisha kwenye shingo. Hakuna moshi. Akatoka, akafunga mlango wa chumba, akaniambia, "Fundi, zima pampu."

"Zote?"

"Zote. Nimesimamisha maji."

Nikazima. Mtambo ule haunyamazi, hata usingizini huwa nausikia. Uliponyamaza, nikasikia Dada akilia na chumba cha pili Mjomba akipiga simu. Sijui Meneja alikuwa ameshatoka mtoni au ni bahati, lakini simu ilishika.

"Nimefunga maji ya mji," Mjomba alikuwa anasema. "Hapana, si mtungi. Mtungi una tatizo lake, nitakueleza. Ni mimi. Mikono yangu haisikii moto." Akasikiliza. "Muda mrefu. Tangu mvua za mwaka jana. Nilijua." Akasikiliza tena. "Mpwa wangu aliniambia. Mimi ndiye nilimkatalia, andika hivyo. Na ulete gari, ameungua."

Nilimpeleka Dada kwenye bomba la nje, linalopata maji kutoka tangi la juu, nikalifungulia. Alitweta, akauma kola ya shati lake. Nilitaka kumwambia kitu, nisamehe, au jikaze, badala yake nikaongeza maji. Mjomba alikuja, akanisogeza, akamshika yeye mwenyewe. Nami nikaukamata ule mkono wake mwingine, nikauweka chini ya maji pia, maana nao ulikuwa umevimba na malengelenge yameanza kuinuka. Aliniachia nifanye nitakavyo, kama mtoto anayenawishwa.

Tulikaa hivyo. Kule getini simu ya mlinzi ilikuwa imeanza kulia, watu wanauliza maji.

"Inauma?" Mjomba akamuuliza.

"Inauma, Mjomba. Inauma mno."

Machozi yalikuwa yanamtiririka mzee wa watu, na hakuwa na mkono wa kuyafuta.

"Shukuru," akamwambia. "Mimi hapa najua nimekushika kwa sababu nakuona tu."